Hiyo "Gold" unayouziwa mia mbili ni ile ile ya bure

Wasee, hii posti nimekaa nayo wiki mbili nikijaribu kuiandika kwa upole. Imekataa. Sasa naiandika na hasira zangu zote, na yule itamchoma achomeke tu.

Kuna watu wanauza "PPSSPP Gold haikwami" kwenye magrupu. Mia mbili, wengine mia tatu, na ukifika mia tano unaongezewa "faili ya setingi". Unatuma pesa, unapewa linki, unashusha APK, unaambiwa sasa hiyo simu yako ya elfu kumi itacheza God of War kama PS5. Kabla hujasoma mbele, shika hii: Gold na ile ya bure, ile ya ikoni ya bluu iko Play Store, ni programu moja. Injini moja, setingi zile zile, kasi ile ile. Mimi sijatoa hii kichwani. Mwenye aliianzisha, Msweden anaitwa Henrik Rydgård, alitoa PPSSPP ya kwanza Novemba 2012, na kwenye tovuti yake imeandikwa wazi kwamba Gold ni njia ya kumuunga mkono. Unalipa kumwambia asante, unapata ikoni ya rangi ya dhahabu. Basi. Hakuna turbo imefichwa mahali.

Kwa hivyo mwenye anakuuzia Gold ya wizi anamwibia aliyeandika hiyo kazi zaidi ya miaka kumi na kuiachilia bure, halafu anakuibia na wewe kwa kukuuzia kitu ulikuwa nacho tayari. Na mara nyingi hata si hiyo Gold anakupatia. Hapo ndipo story yangu inaanzia.

Binamu yangu ako kidato cha tatu, tunakaa hapa hapa Shianda. Hana simu yake. Anacheza kwa simu ya mamake, ambaye kwangu ni senje. Senje anauza omena na nyanya sokoni, na hiyo simu ndiyo duka lake: wateja wanalipa hapo, chama kinatuma ujumbe hapo, mwenye lori ya nyanya anapiga hapo. Likizo iliyopita kijana alipalilia mahindi ya jirani siku mbili. Kwa hiyo pesa akatoa mia mbili, akanunua "Gold".

Ile APK ilipoingia ikaomba ruhusa ya kusoma SMS, ya kuona majina, ya kujitokeza juu ya apu zingine. Jiulize tu, emuleta ya PSP inataka kusoma SMS za nini? Inataka kujua chama kinakutana lini? Kijana akabonyeza kubali, kubali, kubali, kama sisi wote hufanya. Matangazo yakaanza kuruka hata simu ikiwa imelala. Halafu kredo ikaanza kuisha kila asubuhi, kumi hapa, ishirini pale, kwa SMS za huduma ambazo hakuna mtu kwa hiyo nyumba aliomba. Senje alidhani ni mtandao. Akaweka kredo tena. Ikaliwa tena. Mwisho akapeleka simu kwa fundi, fundi akaifuta yote ianze upya. Picha zikaenda. Na kwa hizo picha kulikuwa na za kukhu, za mwezi wake wa mwisho, ambazo hakuna mtu mwingine alikuwa amezipiga.

Senje hakupiga kelele. Aliniuliza tu, "Mtoto wa kaka yangu, wewe si ndiye unajua mambo ya simu? Hizo picha haziwezi rudi?" Nikamwambia haziwezi. Hakuwa ameweka akaunti ya kuhifadhi, na ni mimi nilimsaidia kuanzisha hiyo simu.

Kijana alikuja kuniambia ukweli siku tatu baadaye, akiwa ameangalia chini. "Bro, mimi niliona kwa video yako."

Video yangu.

Sasa mjue mimi si malaika wa hii story. Mwaka jana nilipost video, "God of War kwa simu ya elfu nane, 60 FPS, haikwami". Ndiyo video yangu imefanya vizuri kuliko zote, na ndiyo ya uongo kuliko zote. Wacha niwaambie vile niliipika. Simu ilikuwa imepumzika usiku mzima, baridi kabisa. Niliwasha kuruka fremu. Nilizima ile namba ya kasi inayokaa kwenye kona. Nilirekodi dakika mbili ndani ya korido nyembamba, mahali hakuna maadui wengi wala mandhari ya mbali ya kuchora. Nikakata kabla ya pigano kubwa, kwa sababu pale simu ilianza kutambaa kama trekta ya miwa imebeba mzigo mara mbili. Kwa komenti, wauzaji wa "Gold" wakaja kumwaga linki zao. Nikaziona. Nikaziacha, kwa sababu komenti nyingi zinasukuma video. Binamu yangu alibonyeza moja ya hizo linki.

Ile video nimeitoa. Hii posti ndiyo inakaa pale ilikuwa.

Sasa twende kwa kitu chenyewe, kwa sababu kukasirika bila kufundisha ni kupoteza bando za watu. Kwa nini gemu inakwama kwa simu yako, na kwa nini hakuna APK ya mia mbili inaweza kuondoa hiyo?

PSP ilitoka Japani Desemba 2004. Prosesa yake ni ya aina ya MIPS, mwendo wa juu ni megahezi 333, na ile ya kwanza kabisa ilikuwa na RAM ya MB 32. Soma tena: MB 32. Simu yako haiongei lugha ya MIPS, inaongea ARM. Kazi ya emuleta ni kuwa mkalimani: inachukua maagizo ya gemu, inayatafsiri papo hapo, inampa chipu yako iyatekeleze, huku ikichora picha na kutoa sauti kwa wakati. Mkalimani akichelewa, sauti inaanza kukwaruza na mchezo unaenda polepole. Hiyo sauti ya kukwaruza si spika imeharibika. Ni simu inakuambia imeachwa nyuma.

Na hapa ndipo uongo wa kwanza wa dukani unakufa. "Simu ina kore nane!" Sawa. Kwa stage ya boda hapa Shianda kuna pikipiki hata kumi na tano, lakini ukiwa na gunia moja la mahindi la kupeleka Mumias, litabebwa na moja. Hizo zingine zitakaa pale wenyewe wakipiga story. Emuleta ni hivyo. Kazi yake kubwa inabebwa na kore moja au mbili, na kasi yako ni kasi ya hizo mbili. Ndiyo maana simu yenye Helio G35, kore nane zote Cortex-A53, muundo uliotangazwa 2012, inachoka haraka, na simu yenye Helio G85 au Unisoc T606, ambazo zina kore mbili za Cortex-A75 na sita ndogo, inapumua vizuri zaidi. Zote tatu kwa karatasi zimeandikwa "kore nane". Ukienda kununua simu usiulize kore ngapi. Uliza chipu gani, halafu katafute kore zake kubwa ni gani. Muuzaji akikujibu "hii ni ya gaming" bila jina la chipu, endelea kutembea.

Uongo wa pili ni RAM. Sasa hivi kila sanduku la simu limeandikwa 4 jumlisha 4, 8 jumlisha 8, kama hesabu za darasa la kwanza. Ile ya pili si RAM. Ni kipande cha stoo ya simu kimeazimwa kifanye kazi ya RAM, na stoo ya simu za bei yetu ni ya polepole sana ukiilinganisha na RAM ya kweli. Mashine unayoiga ilikuwa na MB 32, bana. Shida yako haijawahi kuwa RAM, labda simu iwe ya GB 1 na uwe na Facebook, TikTok na WhatsApp mbili zimelala nyuma. Hizo apu za "gem busta" nazo zinaua programu zilizokuwa zimelala kimya, Android inaziamsha tena, wewe unaonyeshwa roketi na tangazo la kamari. Umepoteza betri na umeongeza joto. Toa.

Joto. Hapa nataka kukaa, kwa sababu hii ndiyo siri ambayo hakuna mtu wa video za dakika mbili anaweza kukuonyesha.

Chipu ya simu ikipata moto inajipunguzia kasi yenyewe. Imetengenezwa hivyo, isijiunguze na isikuchome mkono. Simu haina feni kama PS. Joto linatoka kupitia mgongo wake tu, na sisi huo mgongo tumeuvalisha kava ya raba, tumechomeka chaja, tumeketi ndani ya nyumba ya mabati saa nane mchana, na tunashangaa dakika ya kumi na tano gemu inakuwa nzito. Nilifanya hii jaribio na simu ya kwangu, gemu moja, sehemu moja, setingi moja. Saa nane mchana ndani ya nyumba, kava ikiwa ndani na chaja ikiwa ndani, ilianza kasi ya asilimia 100, na kabla ya nusu saa ilikuwa inazunguka kwenye themanini na kitu, sauti ikikwaruza. Siku iyo hiyo saa kumi na moja, mvua yetu ya alasiri ikiwa imeshanyesha, nje chini ya mwavokado, bila kava, bila chaja: nusu saa nzima na haikushuka. Sikubadilisha setingi hata moja. Sikununua kitu. Nilitoa kava na nikahama kiti.

Mtu akikuambia weka simu kwa friji, mwambie aweke yake. Ukiitoa pale inatokwa jasho ndani kama soda, na maji ndani ya simu hayana fundi Shianda wala Nairobi.

Na kuna hii nyingine ya kuchekesha. Nusu ya watu wananiandikia inboksi "bro simu yangu inakwama" wako na hali ya kuokoa betri imewashwa. Hiyo hali inaokoa betri kwa kupunguza kasi ya chipu! Umeikata simu miguu halafu unaitisha mbio. Izime ukicheza. Betri ikikaribia kuisha, acha kucheza uende ufue nguo.

Sasa setingi. Hii ndiyo mnauziwa kwa mia tano, chukueni.

Anza na kuweka kila kitu kwenye hali ya kawaida, hasa kama ulishashusha "faili ya setingi" ya mtu. Faili ya mtu ilitengenezwa kwa chipu ya mtu. Kisha washa namba ya kasi ionekane kwa skrini, kwa sababu bila hiyo unabahatisha tu. Usiangalie FPS peke yake, angalia asilimia ya kasi. Gemu nyingi za PSP zilitengenezwa kwenda fremu 30 kwa sekunde. Liberty City Stories ikionyesha 30 na kasi iko 100, hiyo gemu iko sawa kabisa, ndivyo ilivyozaliwa. Lakini kwa sababu mimi na wenzangu tumewaimbia 60, 60, 60, mnaenda kuweka kodi za kulazimisha 60, simu inaanza kufanya kazi karibu mara mbili, kasi inaanguka hadi 60 au 70, halafu mnasema simu ni mbaya. Mmejifunga wenyewe.

Baadaye nenda kwa rezolusheni. Hapa fanyeni hesabu na mimi. Skrini ya PSP ilikuwa pikseli 480 kwa 272, yaani kama 130,000. Ukiweka 2x, upana mara mbili na urefu mara mbili, zinakuwa mara nne, zaidi ya 522,000. Ukiweka 3x ni mara tisa, zaidi ya milioni moja na laki moja. Kila fremu. Mara thelathini kwa sekunde. Mtu ana simu ya skrini ya 720, ameweka 5x kwa sababu aliona kwa video ya mtu wa Brazil mwenye Snapdragon ya laki moja. Hiyo skrini yako haiwezi hata kuonyesha hizo pikseli, zinachorwa halafu zinabanwa tena. Ni kupaka ukuta rangi mara ishirini na tano ndani ya nyumba isiyo na taa. Weka 1x, angalia kasi. Ikikaa 100 bila kutetemeka, panda 2x. Ikishuka, rudi. Kwa simu zetu nyingi safari inaishia hapo, na 2x kwa skrini ndogo inapendeza, nawaambia ukweli.

Vulkan ama OpenGL? Jibu la kweli ni jaribu zote mbili kwa gemu ileile, mahali palepale, uangalie namba. Mara nyingi Vulkan inashinda, lakini chipu za bei ya chini, hasa zile za michoro ya PowerVR, wakati mwingine zinaleta rangi za ajabu ama zinazima gemu kabisa, na OpenGL inatulia. Mwenye anakuambia moja ni bora daima hajashika simu mbili tofauti.

Kuruka fremu ni panadol. Inaficha maumivu: kasi inabaki juu, macho yanaona mruko. Weka moja, usipitishe, na uijaribu mwisho kabisa. Ile ya kuruka athari za bafa inaleta kasi kweli, lakini kuna gemu zinaharibika picha, zinakuwa nyeusi ama vivuli vinapotea. Ndiyo maana usiiwashe kwa gemu zote. Finyilia ikoni ya gemu kwa muda, PPSSPP itakuruhusu utengeneze setingi za hiyo gemu peke yake. God of War ipewe zake, Tekken ipewe zake. Tekken 6 haihitaji huruma unayoipatia God of War.

Na zile sekunde za kwanza unapoingia mahali papya simu inashtuka kidogo, kisha inatulia? Hiyo ni kawaida, inatayarisha michoro ambayo haijawahi kuchora. Mara ya pili itapita laini. Wauzaji wa Gold wanaishi kwa hiyo: unashusha yao, unacheza mara ya pili na ya tatu, inatulia, unasema "kweli Gold ni moto!" Ama APK yao imekuja ikiwa imewekwa 1x na kuruka fremu tayari, wewe ulikuwa umeweka 4x. Ama ulikuwa na toleo la miaka mitano iliyopita na wao wamechukua jipya. Ndiyo, inawezekana ilikusaidia. Ilikusaidia na vitu vya bure.

Memori kadi pia. Zile kadi za "GB 128" za mia tatu za kwa meza, nyingi zimedanganywa zijiite 128, ndani ni ndogo kabisa. Zikijaa zinaanza kuandika juu ya vitu vyako na gemu inakufa katikati. Weka gemu unayocheza sasa hivi kwa simu yenyewe.

Sasa najua komenti ya kwanza itatoka wapi. Kuna mbogi ya pili, hii haiuzi Gold, hii inadharau. "Nunua kifaa cha maana bro." Steam Deck ilitoka Februari 2022 kwa dola 399. Hiyo ni zaidi ya elfu hamsini kabla haijapanda ndege. Vile viconsole vidogo vya Anbernic na Retroid ni vizuri, sina ubaya navyo, nikipata nitafurahi. Lakini mwenye anaandika hivyo kutoka kwa kitanda chake Kilimani ajue huku kwetu kifaa cha kuchezea cha mkononi ni simu, na simu ni ya mama, na mama anaihitaji saa kumi na mbili asubuhi. Ushauri wa kununua kitu kingine kwa mtu aliyepalilia siku mbili kupata mia nne si ushauri. Ni kujionyesha.

Lakini hata mimi siwezi kuwadanganya upande ule mwingine. PS2 kwa simu ya Helio G35? Hapana. Sahau. PSP inawezekana, PS1 na GBA zinakimbia bila jasho hata kwa simu ya zamani, PS2 ni mlima mwingine na inataka chipu ambayo wengi wetu hatuna. Na hapa kuna aibu yetu sote. AetherSX2, emuleta ya PS2 iliyofanya watu wengi waamini inawezekana kwa Android, ilitoka mwishoni mwa 2021, ya bure. Januari 2023 aliyeitengeneza, anajulikana kama Tahlreth, akatangaza ameacha. Alichoka na watu wa kujifanya yeye, malalamiko, madai yasiyoisha, na mwisho vitisho vya kuuawa. Kwa programu ya bure! Kila mara unapouziwa APK ya wizi, ikikwama, unamtukana nani? Unaenda Play Store kumpa nyota moja yule wa kweli ambaye hata hukutumia kazi yake. Nimesoma hizo komenti za nyota moja. Nyingine ni za Kiswahili.

Na mtauliza, "Wewe unaongea wizi, na hizo gemu tunatoa wapi?" Swali la haki. Emuleta yenyewe si haramu. Marekani mahakama ya rufaa iliamua 2000, kesi ya Sony na Connectix, kwamba kuichunguza mashine ili uiige kunaruhusiwa. Gemu ni kitu kingine, zina wenyewe, na sitajifanya kwamba kila mtu anayesoma hii ana UMD yake kwa droo. Sigawi linki za gemu kwa ukurasa huu na sitaanza. Lakini niwaambie hivi: zile kurasa za "eFootball mpya ya PPSSPP, MB 100 tu" ni mtego. PES ya mwisho kutoka rasmi kwa PSP ilikuwa PES 2014. Hizo mpya ni kazi ya mashabiki waliobadilisha wachezaji na jezi juu ya gemu ya zamani, na diski ya PSP ilibeba hadi GB 1.8. Mtu akikuambia ameifinya yote ikawa MB 100, halafu ili ufungue faili ujaze "survey" na namba yako ya simu, wewe ndiye bidhaa imefinywa.

Kwa wauzaji wenyewe, kama mnasoma, na najua mnasoma kwa sababu wawili walinitafuta inboksi wakitaka tugawane asilimia: jibu ni hapana. Msiniambie "bro kila mtu anatafuta". Senje pia anatafuta. Anaamka saa kumi usiku kutafuta. Kredo mliyokula ilikuwa ya kumpigia mwenye lori. Najua ninyi si wazee wa mahali mbali, ni vijana wa rika langu, wengine tulikaa dawati moja, na mnajua kabisa kwamba Gold na bluu ni kitu kimoja. Uzeni kitu cha kweli. Mjue kufungua simu, kutoa vumbi, kubadilisha betri iliyovimba, kumwekea mtu setingi mbele ya macho yake na kumwelezea kwa nini. Mimi nitawatumia wateja, bure.

Binamu yangu sasa anacheza ile ya bluu, 2x, Vulkan, kava nje, Jumamosi jioni tu, simu ikiwa imemaliza kazi ya mama. Kabla ya kushika chochote nilimfanya aweke picha za senje kwa akaunti ya kuhifadhi, moja moja, na aandike nywila kwa daftari la chama. Zile za kukhu tumepata mbili tu, kwa simu ya mzee mmoja aliyekuja mazishini. Zimetoka na ukungu.

Jumapili, stima ikikubali, napost video mpya. Dakika arobaini bila kukata, namba ya kasi iko kwa skrini mwanzo hadi mwisho, God of War ileile, simu ileile ya elfu nane, ndani ya mabati kisha nje. Itakwama mahali, na mtaona inakwama. Linki za Gold kwa komenti nitakuwa nazifuta mwenyewe, nimekaa hapa.